Kumjibu Mkorofi Bila Kujishusha

Mtu akikutolea maneno ya kuudhi mbele za watu, washauri hawakosekani. Mmoja atakwambia dawa ya moto ni moto: ukimwachia leo, kesho atakupanda kichwani. Wa pili atakuvuta pembeni na kukunong'oneza, funika kombe mwanaharamu apite. Wote wawili wanakutakia mema, na kila mmoja ana mifano ya watu waliofuata ushauri wake wakafanikiwa. Matokeo yake aliyenyamaza anarudi nyumbani akijilaumu kwa nini hakusema, na aliyejibu naye anarudi akijilaumu kwa alichosema.

Tatizo ni kwamba tunaliita jambo moja kumbe ni mambo matatu yaliyosokotana. Kuna kinachotokea mwilini mwako neno linapotua. Kuna kinachotoka mdomoni mwako. Na kuna uamuzi wa baadaye: huyu mtu nimpe nafasi gani maishani mwangu kuanzia sasa. Mtu anaweza kufaulu katika moja akafeli katika mengine. Yupo anayejibu kwa upole wa kupigiwa mfano huku ndani anachemka mpaka kichwa kinamuuma. Yupo mtulivu kwelikweli, hapandishi sauti hata siku moja, lakini miaka inapita anadhalilishwa na mtu yule yule na hajawahi kumwambia basi. Anayekushauri unyamaze na anayekushauri ujibu wote wanazungumzia mdomo tu, na mdomo, kwa maoni yangu, ndio rahisi kuliko hayo mengine mawili.

Mwili hutangulia

Mwaka 1915 mwanafiziolojia Walter Cannon wa Chuo Kikuu cha Harvard alieleza jinsi mwili wa mnyama aliyetishwa unavyojiandaa ama kupigana ama kukimbia. Tezi zilizo juu ya figo humwaga adrenalini, moyo huenda mbio, damu hukimbilia kwenye misuli, tumbo husimamisha shughuli zake. Binadamu hakupewa mfumo mmoja wa kukabili simba na mwingine wa kumkabili mkuu wa idara anayekudhihaki kikaoni. Ni ule ule. Ndiyo maana ukidhalilishwa masikio yanawaka, mikono inatetemeka na sauti inakwama kooni, ingawa hakuna aliyekugusa.

Na si mapigo ya moyo tu yanayobadilika. Katika utafiti uliochapishwa mwaka 2015, Arieh Riskin na wenzake nchini Israel waliwapa madaktari na wauguzi wa wodi za watoto wachanga mahututi zoezi la kuigiza. Timu zilikuwa 24, kila moja ikihudumia mtoto wa bandia ambaye hali yake inazorota ghafla. Waliambiwa kwamba mtaalamu kutoka nje ya nchi anawafuatilia. Baadhi ya timu zilisikia kutoka kwake maneno ya kawaida. Nyingine zilitupiwa maneno ya dharau, si matusi makubwa, na wala hayakuhusu kazi waliyokuwa wakiifanya muda ule. Timu zilizodharauliwa zilifanya vibaya zaidi katika kutambua ugonjwa na katika matibabu yenyewe, na watu wake walipunguza kupeana taarifa na kuombana msaada. Mfano huu naupenda kwa sababu unaondoa dhana kwamba wanaoyumbishwa na maneno ni watu dhaifu. Hawa ni watu waliozoea kufanya kazi mtoto akiwa kati ya kufa na kupona, na bado dharau ya mgeni asiyewajua iliwapunguzia akili waliyoihitaji.

Ndiyo maana lile jibu safi, la kumnyamazisha mtu kabisa, huwa linakujia usiku ukiwa umeshapanda kitandani. Halikukawia kwa sababu wewe ni mzito wa kufikiri. Lilikawia kwa sababu mwili ulikuwa umeshika usukani. Seneca, mwanafalsafa wa Roma aliyekufa mwaka 65, alishikilia kwamba dawa kubwa ya hasira ni kuchelewa. Hakujua chochote kuhusu adrenalini, ila aliwahi kuwa mwalimu wa mfalme Nero, kwa hiyo kuhusu hasira za watu alikuwa na ya kusimulia.

Kuchelewa kwenyewe si lazima kuwe kwa siku tatu. Sekunde tano zinatosha kwa kuanzia. Toa pumzi taratibu, ndefu kuliko uliyoivuta. Moyo hupunguza mwendo kidogo kila mtu anapotoa pumzi, na hilo ndilo linaloifanya mbinu hii kongwe ifanye kazi. Kisha jiambie kimya kimya jina la kile unachohisi: nimeaibika, nimekasirika, nimeogopa. Inaonekana kama mchezo wa watoto, lakini mwaka 2007 Matthew Lieberman na wenzake wa Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, walionyesha kwamba mtu anapoiwekea hisia jina, ile sehemu ya ubongo iitwayo amigdala, inayoshughulika na vitisho, hupunguza makali yake, huku sehemu ya mbele, inayohusika na kujizuia, ikiongeza kazi. Mara nyingi jina la kweli si hasira bali aibu, na ukilijua hilo, hamu ya kumrukia mtu hupungua yenyewe.

Hapa watu huuliza: si afadhali kuyatoa yote, yasikae moyoni? Wazo la kwamba hasira ni mvuke unaopaswa kuachiliwa ni la zamani na linavutia. Mwanasaikolojia Brad Bushman alilijaribu katika utafiti wa mwaka 2002 akiwa na wanafunzi wa chuo 600. Kila mmoja alifanywa akasirike kwa kukosolewa vikali insha aliyoiandika. Kundi moja lilipiga mfuko wa ngumi huku likimfikiria aliyewakosoa, la pili lilipiga mfuko likifikiria mazoezi ya mwili, la tatu lilikaa kimya bila kufanya lolote. Waliopiga huku wakimfikiria mkosoaji wao ndio waliobaki na hasira nyingi kuliko wote, na ndio waliokuwa wakali zaidi walipopewa nafasi ya kumlipiza. Waliokaa kimya ndio waliokuwa na ukali mdogo kuliko wote. Kwa hiyo yule rafiki unayempigia simu kila jioni kumrudia kisa kile kile neno kwa neno, na yeye anakuchochea kwa "mimi ningemwonyesha", huenda anakuongezea mzigo badala ya kuupunguza.

Lakini kumeza nako si kutulia, na hapa ndipo wengi wanapojidanganya. James Gross wa Chuo Kikuu cha Stanford ametumia miaka mingi kutenganisha njia mbili za kuzitawala hisia. Moja ni kulitazama jambo upya kabla hisia haijakomaa. Nyingine ni kuificha ikiwa imeshakomaa: uso mkavu, tabasamu la kubandika. Anayeficha huonekana ametulia, ila anachokihisi hakipungui, mwili wake huhangaika zaidi, na kumbukumbu yake ya kilichosemwa hufifia. Hata aliye mbele yake huathirika: utafiti ulioongozwa na Emily Butler mwaka 2003 ulionyesha kwamba mtu anayezungumza na mwenzake anayeficha hisia hupanda shinikizo la damu. Zile familia ambazo hakuna anayegombana na hakuna anayecheka zina maelezo yake hapa.

Nani huyu aliye mbele yako

Kulitazama jambo upya huanzia kwa mtu mwenyewe. Mwaka 1977 mwanasaikolojia Lee Ross aliipa jina tabia yetu ya kuhukumu kitendo cha mwenzetu kwa hulka yake na kusahau mazingira aliyomo: aliiita kosa la msingi la uhukumuji. Karani akikujibu kwa mkato, tunasema ana roho mbaya. Hatuulizi ni mtu wa ngapi anayemfokea tangu asubuhi. Na wapo wanaokwenda mbali zaidi. Kenneth Dodge alionyesha mwaka 1980 kwamba wavulana wenye tabia ya ugomvi, wakifanyiwa jambo lisiloeleweka kama ni bahati mbaya au makusudi, huelekea kulisoma kama makusudi. Mtu wa namna hiyo hukutana na maadui kila aendako, na kwa kuwa huwaendea kiadui, kweli wanakuwa maadui.

Sisemi kila mkorofi ana sababu nzuri. Wengine hawana. Lakini ni vizuri kujua unashughulika na nani kabla hujachagua jibu, kwa kuwa jibu linalomfaa mmoja humharibu mwingine. Aliyechoka au aliyefiwa akikufokea, ukimwuliza tu "uko salama?" mara nyingi analainika hapo hapo. Asiyejua kwamba anaumiza, na hawa ni wengi kuliko tunavyodhani, anahitaji kuambiwa wazi. Anayetaka cheo chako au sifa zako anahitaji umjibu kwa hoja mbele ya wale wale aliowalenga. Kisha yupo mchokozi halisi, ambaye hana hoja wala uchovu. Anachokitaka ni kukuona umefura. Wahenga walimjua: hasira za mkizi, furaha ya mvuvi. Huyu ukimpa hotuba ya dakika kumi kuhusu utu na heshima, umempa alichokuja kukichukua. Mpe maneno manne yasiyo na chumvi, uendelee na shughuli zako.

Kumwelewa mtu si kumsamehe papo hapo, na wala hakumaanishi alichofanya kilikuwa sawa. Watu wenye huruma hujichanganya sana hapa: akishajua kwamba mume au bosi alilelewa kwa viboko, anaona hana tena haki ya kulalamika. Haki anayo. Sababu ya jeraha haiondoi jeraha.

Maneno yenyewe

Tuseme uko kikaoni, umemaliza kuwasilisha ripoti. Mwenzako anaegemea kiti na kusema kwa sauti: "Hivi hii imeandikwa na mtu aliyesoma kweli?" Wawili wanacheka. Wengine ghafla wanakuwa na kazi kwenye simu zao.

Jibu la kwanza linalokuja ulimini ni la kumrudishia: "Ya kwako ya juzi ilikuwa na nini?" Linaridhisha kwa muda mfupi. Baada ya hapo kikao kizima kinajadili ripoti yake, yako, na nani alianza. Jibu la pili ni la kujieleza: muda ulikuwa mfupi, takwimu zilichelewa, kompyuta ilizima. Hapo umekubali kukaa kizimbani na yeye ukampa kiti cha hakimu. Jibu la tatu ni swali, kwa sauti iliyo chini kidogo kuliko kawaida yako: "Kipi hasa hakiko sawa, kaka?" Halafu unanyamaza na kumtazama.

Swali hili lina nguvu kwa sababu linamtaka achague. Kama hana hoja, itabidi aseme "natania tu", na kila mtu ameona. Kama anayo, atasema: "Ukurasa wa nne hesabu hazilingani." Sasa tazama usemi unaofuata, maana ndio ninaouona wa thamani kuliko yote katika suala hili: "Kweli, hizo hesabu nitazirekebisha leo. Hilo la kusoma kwangu tuliache." Umepokea kilicho cha kweli bila kubabaika, na ukakataa kejeli bila kurusha nyingine. Mkorofi mjanja huwa anachanganya ukweli kidogo na dharau nyingi ili ukikataa dharau uonekane unakataa ukweli. Ukivitenganisha mbele ya watu, hana tena cha kushika.

Sharti ni kwamba swali liwe swali. Ukiuliza "kipi hasa" huku umebinua mdomo, umetukana kwa njia ya kistaarabu, na wote wanajua. Nusu ya jibu iko kwenye mabega, kasi ya maneno na macho. Mtu anayezungumza polepole huonekana hana cha kuogopa, hata kama magoti yanagongana chini ya meza.

Nyumbani mambo ni magumu zaidi, kwa kuwa umri na undugu vina uzito. Shangazi anakuuliza mbele ya ukoo mzima kwa nini mpaka leo hujapata mtoto. Huwezi kumwambia "kipi hasa". Unaweza kusema: "Shangazi, najua unanitakia mema. Hilo silizungumzii leo." Atasema yeye ni mkubwa wako, ana haki ya kuuliza. "Haki unayo, shangazi. Ila silizungumzii." Ataleta mfano wa binamu yako. "Nimekusikia, shangazi. Silizungumzii." Mwanasaikolojia Manuel J. Smith aliieneza mbinu hii ya kurudia neno lile lile miaka ya 1970, na ufundi wake uko katika kutoongeza sababu. Kila sababu unayoitoa ni mlango mpya: ukisema daktari amesema msubiri, ataomba jina la daktari. Sentensi moja isiyo na maelezo haina mlango. Na angalia kwamba katika majibu yote matatu heshima haikupungua. Bado ni shangazi, na bado umekataa.

Mzaha? Ukiwa nao wa asili, na ukijilenga wewe mwenyewe au hali yenyewe, unafungua hewa haraka kuliko chochote. Ukimlenga yeye, ni rungu lililovikwa kitambaa. Asiye na kipaji hicho asijaribu kukipata siku ya ugomvi.

Kwa ujumbe wa simu kanuni ni fupi: andika, usitume, lala. Ukiamka, futa kila kivumishi kinachomhusu yeye na ubakize taarifa. Kinachobaki kwa kawaida ni mistari miwili.

Kuondoka nako ni jibu, mradi kuwe na maneno yanayokutangulia. John Gottman, aliyechunguza mazungumzo ya wanandoa kwa miongo kadhaa, anashauri kwamba wawili wakishafurika hasira wapumzike angalau dakika 20 kabla ya kuendelea, kwa sababu mwili hauwezi kushuka kwa haraka zaidi ya hapo. Anayesema "nimechemka, nipe nusu saa tutaongea" ametulia kwa heshima. Anayebamiza mlango au kuzira siku nne, hata kama hakutamka tusi hata moja, ameadhibu.

Utulivu hufanyiwa mazoezi

Tunapenda kusema fulani ni mtulivu kana kwamba alizaliwa hivyo. Historia ina mfano unaoonyesha vinginevyo. Mwishoni mwa miaka ya 1950 huko Nashville, Marekani, mchungaji kijana James Lawson, aliyekuwa ameishi India akajifunza njia za Gandhi za kupinga dhuluma bila kutumia nguvu, alianza kuwafundisha wanafunzi weusi wa vyuo jinsi ya kukaa kwenye kaunta za migahawa iliyowakataa. Miongoni mwao walikuwamo Diane Nash, John Lewis na Bernard Lafayette. Mafunzo hayakuwa mahubiri matupu. Waliigizana: mmoja anakaa kwenye kiti kana kwamba yuko mgahawani, wenzake wanamzunguka, wanamtukana matusi yale yale watakayoyasikia, wanampulizia moshi wa sigara usoni, wanamsukuma mpaka aanguke. Kisha wanajadili: uliposukumwa ulihisi nini, mkono wako ulitaka kufanya nini, ulijizuiaje.

Walipoanza kukaa kwenye kaunta hizo tarehe 13 Februari 1960 walikuwa na sheria zilizoandikwa: usirudishe kipigo wala tusi, kaa wima, elekea kaunta muda wote, uwe na adabu. Walipigwa, wakakamatwa kwa makumi. Tarehe 10 Mei mwaka huo migahawa ya katikati ya mji ilianza kuwahudumia wateja weusi.

Kisa hiki hutajwa kama ushahidi wa nguvu ya kunyamaza. Mimi nakisoma tofauti. Wale vijana hawakunyamaza hata kidogo. Kule kukaa kwenyewe kulikuwa kauli, na walikataa kuondoka. Walichokizuia ni kitu kimoja tu, kumwiga anayewatukana. Na walikizuia kwa sababu miili yao ilikuwa imeshayasikia matusi yale mahali salama, ikazoea. Mtu wa kawaida anaweza kufanya hivyo kwa kiwango kidogo. Kama unajua kesho unakutana na mtu wa maneno makali, mwombe rafiki akutamkie maneno hayo, nawe ujibu kwa sauti mara tano sita. Mara ya kwanza utachukia, mara ya tatu utacheka, ya tano utajua la kusema.

Kwa gharama ya nani

Kuna jambo ambalo makala nyingi za namna hii huliruka: utulivu hudaiwa zaidi kwa mnyonge. Mkubwa akifoka anaitwa mtu wa msimamo. Mdogo akipandisha sauti nusu anaitwa hana adabu. Jackie Robinson alipoingia ligi kuu ya besiboli ya Marekani mwaka 1947 akiwa mweusi wa kwanza katika karne ile, bosi wake Branch Rickey alikuwa ameshamtaka akubali kutojibu matusi. Alikubali. Mwaka huo huo kocha wa timu pinzani na wachezaji wake walimtukana uwanjani, na Robinson baadaye aliandika kwamba siku ile uvumilivu nusura umwishie. Ila makubaliano yale yalikuwa na kusudi na yalikuwa na mwisho. Kufikia mwaka 1949 alikuwa ameruhusiwa kujibu, akawa anabishana na waamuzi na wapinzani kama mchezaji mwingine yeyote, na mwaka huo akachaguliwa kuwa mchezaji bora wa ligi yake.

Uvumilivu wenye kusudi na tarehe ya mwisho ni mkakati. Usio na hivyo viwili unakula mtu taratibu. Mwanasosholojia Arlie Hochschild aliandika mwaka 1983 kuhusu wahudumu wa ndege wanaolipwa, pamoja na mengine, kutabasamu mbele ya abiria wanaowadharau, na akaonyesha kwamba tabasamu hilo ni kazi inayochosha kama kazi nyingine. Wauguzi, walimu na wapokeaji wa simu za wateja wanalijua hili bila kuambiwa. Kwa hiyo mtu akikwambia "we vumilia tu", una haki ya kuuliza: mpaka lini, na kwa faida ya nani? Heshima si utumwa, kama isemwavyo.

Mpaka

Tumebaki na jambo la tatu, lile la nafasi ya kumpa mtu maishani mwako, na hapa mchezo wa kompyuta unatusaidia. Takriban mwaka 1980 Robert Axelrod wa Chuo Kikuu cha Michigan aliwaalika wataalamu watume programu zitakazoshindana katika mchezo ambao wachezaji wawili hukutana tena na tena, na kila mara kila mmoja huchagua kushirikiana au kumgeuka mwenzake. Mashindano ya kwanza yalikuwa na programu 14 na ya pili 62. Katika yote mawili iliyoshinda ni programu fupi kuliko zote, iliyotumwa na Anatol Rapoport: anza kwa kushirikiana, kisha mtendee mwenzako alivyokutendea mara iliyopita, si zaidi. Haikuanza ubaya, haikuuachia, na haikuweka kinyongo.

Udhaifu wake uligunduliwa mapema. Ikitokea kosa moja, mmoja akaonekana kageuka kumbe ni bahati mbaya, wawili wanaofuata kanuni hiyo hulipizana bila mwisho. Lynne Andersson na Christine Pearson walieleza mwaka 1999 kitu kama hicho maofisini: neno la mkato linajibiwa kwa neno kali kidogo, hilo kwa kali zaidi, mpaka hakuna anayekumbuka mwanzo. Mwaka 1992 Martin Nowak na Karl Sigmund walikuwa wameonyesha kwamba katika dunia yenye makosa, kanuni inayosamehe mara moja moja hufanya vizuri zaidi. Maisha si mchezo wa kompyuta, ila picha inayojitokeza naikubali: usianze, usiache ipite bila alama, na kosa la kwanza lisamehe.

La pili na la tatu ni habari nyingine. Dan Olweus, aliyetumia maisha yake kuchunguza uonevu shuleni, aliutambua kwa mambo matatu: kuna nia ya kudhuru, unajirudia, na mwonevu ana nguvu kuliko mwonewa. Ukiona vyote vitatu, acha kutafuta jibu zuri. Hakuna sentensi yenye hekima kiasi cha kumzuia mtu mwenye nguvu aliyeamua kukuumiza kila wiki, na kumwambia mwonewa ajifunze kujibu vizuri ni kumhamishia kosa. Hapo kazi inakuwa ya kumbukumbu na mashahidi: tarehe, maneno yaliyotamkwa, nani alikuwepo, vikiandikwa siku ile ile. Mpaka unawekwa kwa kauli inayotaja kitendo na matokeo yake, mathalani "ukinifokea tena nakata simu", na unakata kweli, kwa sababu tishio lisilotimizwa humfundisha kwamba hakuna mpaka. Kazini, Mkataba namba 190 wa Shirika la Kazi Duniani, uliopitishwa mwaka 2019 na kuanza kutumika Juni 2021, unauhesabu unyanyasaji wa kisaikolojia kuwa suala la haki za mfanyakazi. Na penye ngumi au vitisho vya kuumizwa, kinachotafutwa ni usalama na watu wa kukusaidia kuondoka. Hadhi itashughulikiwa baadaye.

Mara nyingi zaidi lakini hatufiki huko. Siku mbili zinapita, aliyekuudhi anakuja na kusema, "Kama nilikukwaza, samahani." Msamaha nusu, wenye "kama" ndani yake. Wengi hujibu "aa, usijali", na jambo linafunikwa likiwa bado lina joto. Wengine hudai msamaha kamili, wenye maelezo na shahada, na ugomvi unaanza upya. Kati ya hayo mawili kuna jibu la sentensi mbili: "Asante kwa kuja. Iliniuma, na nisingependa irudiwe." Akikubali, mpe mkono mzungumze habari nyingine. Akianza kueleza kwa nini ulistahili, umepata jibu kuhusu nafasi ya kumpa, na hujalazimika kumtukana ili ulipate.